Vidonge vya presha vinavotanua mishipa: namna ya kuvitumia bila kuvikimbia

Mamangu yuko Wete, Pemba, presha yake ya miaka, na mie niko huku Unguja kwa hiyo matibabu yake mengi yanapita kwenye simu. Siku moja kanipigia baada ya Magharibi, "mwanangu vile vidonge nshaviacha, vinanivimbisha miguu, miye siwezi kutiwa ugonjwa mwengine juu ya nnao." Nkamuuliza umeacha lini mama, kumbe wiki ya tatu ile. Kesho yake kaka yangu akampeleka kupima, 186 kwa 104. Miguu kweli ilikuwa imenywea, mizuri kabisa, ila hiyo presha sasa.

Ndo maana naandika. Watu wengi nnaowajua hawaachi vidonge kwa uvivu, wanaacha kwa sababu hakuna alokaa nao akawaambia kuwa hicho kinachokukera mara nyingi ndo dawa yenyewe ikifanya kazi yake, na kina dawa yake, na dawa yake si kuacha. Mie si daktari, nimekalia sana mabenchi ya kliniki tu na kuuliza masuala mpaka nikachokwa.

Tuanze na zinafanya nini. Hebu fikiria Darajani usiku wa mwezi kuandama, watu wanaingia na kutoka vichochoroni Mji Mkongwe, kila mtu na mifuko yake, ukuta huku na ukuta huku, mnabanana mpaka unasikia pumzi ya mwenzio shingoni. Presha ya kupanda kwa wengi iko hivyo, mishipa midogo imejikaza na moyo unalazimika kusukuma kwa nguvu ili damu ipite. Sasa daktari ana njia kama tatu, anaweza kupunguza watu (ndo dawa za kukojolesha, zinatoa maji na chumvi), anaweza kumwambia anosukuma apunguze kasi (dawa za kupunguza mapigo ya moyo kama atenololi), au anaweza kupanua kichochoro. Hizi za kupanua kichochoro ndo nnazozungumzia. Ukuta wa mshipa una misuli, dawa inailegeza ile misuli, mshipa unatanuka, presha inashuka. Basi.

Ila zinapanua kwa njia tofauti na ndo maana jirani yako akikwambia "mie natumia hii imenifaa" usimsikilize, yake siyo yako. Chukua karatasi ya vidonge vyako usome jina la dawa, siyo jina la kampuni, lile jina dogo chini. Likiishia na "pine", kama amlodipini na nifedipini, hiyo inazuia kalsiamu isiingie kwenye misuli ya mshipa, na bila kalsiamu misuli haikazi. Likiishia na "pril", kaptoprili, enalaprili, lisinoprili, hiyo inazuia mwili usitengeneze kile kitu kinachoamrisha mishipa ikaze. Likiishia na "sartan" kama losatani, kile kitu kinatengenezwa lakini kikifika kinakuta mlango umefungwa. Halafu kuna zile zinazolegeza misuli moja kwa moja, hidralazini na minoksidili, hizo ni za watu ambao nyengine zimewashinda, ntazirudia. (Kaptoprili kwa taarifa yako walianzia kwenye sumu ya nyoka wa Brazil, nyoka akikuuma presha inaanguka, watu wakakaa wakajiuliza kwa nini. Ilikubaliwa Marekani 1981. Nlipomwambia mama akasema "kumbe mnanlisha nyoka" na nikajuta kumwambia.)

Kabla ya kuzungumza kunywa tuzungumze kupima, kwa sababu nusu ya ugomvi wa vidonge unatokana na vipimo vya ovyo. Mtu katoka kituo cha daladala mbio, kapanda ngazi, anapimwa hapo hapo huku anahadithia, inatoka 165 anaongezewa dozi, kesho kutwa anaanguka chooni. Kaa kwenye kiti chenye mgongo dakika tano, kimya, miguu chini usiikunje, mkono umeuweka juu ya meza usawa wa moyo, nguo ya mkono uitoe siyo kuikunja ikabana. Nenda msalani kwanza maana kibofu kikijaa presha inapanda, na nusu saa kabla usiwe umekunywa kahawa wala kuvuta sigara. Pima mara mbili, achia dakika moja baina yake, andika zote. Na ule mkanda uwe saizi yako, mkono mnene ukifungwa mkanda mdogo mashine inasema uongo, inazidisha. Hospitali wanahesabu 140 kwa 90 kwenda juu kuwa imepanda, lakini nyumbani ukiwa umetulia hesabu ni 135 kwa 85, kwa hiyo usifurahi sana na 138 ya kitandani. Nlimnunulia mama mashine ya mkononi juu, siyo ile ya kifundo cha mkono, za kifundo zinayumba sana mkono ukikaa vibaya.

Haya, kunywa kwenyewe. Chagua saa ambayo una kitu unachokifanya kila siku bila kukosa. Saa ya mama ni baada ya sala ya Alfajiri, karatasi ya vidonge iko karibu na msala, akimaliza uradi anameza kwa maji. Watu wanabishana sana asubuhi au usiku, utafiti mkubwa wa Uingereza ulotoka 2022 uliwafuatilia watu zaidi ya elfu ishirini kwa miaka na ukakuta hakuna tofauti kwa upande wa kupata shambulio la moyo au kiharusi, kwa hiyo saa bora ni ile ambayo hutoisahau. Ila kaptoprili yenyewe ina masharti, inataka tumbo tupu, saa moja kabla ya kula, na haikai mwilini kwa hiyo wengi wanaambiwa mara mbili au tatu kwa siku. Amlodipini inakaa sana, mara moja inatosha, lakini pia inachukua kama wiki hivi mpaka itulie mwilini, sasa wewe umeanza Jumatatu, Jumatano unapima unaona bado 150 unasema dawa feki. Subiri yakhe.

Ukisahau, ukakumbuka siku ile ile, meza. Ukikumbuka karibu na saa ya kidonge kinachofuata, kiache hicho uendelee na kinachofuata. Usimeze viwili kufidia, presha siyo funga ya kulipa.

Na vidonge vilivoandikwa kuwa vinatoa dawa polepole, kama nifedipini nyingi za siku hizi, usivivunje wala kuvisaga ukamtilia mzee kwenye uji. Vimetengenezwa vitoe dawa kidogo kidogo, ukivisaga inatoka yote kwa mpigo na presha inaanguka kama embe. Mzee akishindwa kumeza mwambie daktari, ipo ya kubadilisha.

Sasa kero zenyewe, na hapa ntakaa kidogo maana ndo watu wanapokimbilia.

Miguu kuvimba. Hii ni ya amlodipini na wenzake, na dozi ikiwa kubwa, miligramu 10, inatokea zaidi kuliko 5. Mama alinionesha kwenye simu ya video, kabonyeza kidole juu ya kifundo cha mguu akaachia, kikabaki kishimo kama unga wa chapati ulobonyezwa. Yeye akajua figo zimekufa. Kinachotokea ni kuwa dawa inafungua sana mishipa inayopeleka damu, ile inayorudisha haifunguki kiasi hicho, basi maji yanavuja kidogo na yanateremka chini, jioni ndo mingi, asubuhi ukiamka imepungua. Ndo kichochoro kimepanuliwa upande wa kuingilia na wa kutokea umebaki vile vile. Usijinunulie dawa ya kukojolesha ukadhani itatoa, kwa uvimbe huu haisaidii sana. Daktari wa mama alichokifanya ni kurudisha 10 ikawa 5 na kumuongezea losatani, na losatani inasaidia kufungua ule upande wa pili. Wiki tatu baadae viatu vyake vya Ijumaa vikamuingia. Tahadhari tu, mguu mmoja ukivimba peke yake na unauma, au imevimba yote miwili na unakosa pumzi hata kulala chali huwezi, hiyo siyo dawa, hiyo hospitali leo leo.

Kikohozi kikavu. Kinatekenya koo, hakina makohozi, usiku ndo kinanoga. Hii ni ya "pril". Nimeona mtu miezi minne anakunywa dawa za kifua, tangawizi, asali, kapimwa mpaka TB, na kumbe ni enalaprili. Ukimwambia daktari anakuhamisha kwenye "sartan" na kikohozi kinakwisha, japo huchukua wiki kadhaa kwa hiyo usiseme siku ya tatu kuwa haijasaidia.

Kisunzi ukisimama. Hii ni ya zote. Mishipa imelegea, umesimama ghafla, damu imebaki miguuni, kichwa kinapata kidogo. Wazee wanaanguka wakiamka usiku kwenda msalani au wakinyanyuka haraka kutoka kwenye sijda. Kaa kwanza ukingoni mwa kitanda, hesabu mpaka thalathini, chezesha vidole vya miguu, halafu nyanyuka umeshika kitu. Kikizidi, pima presha ukiwa umekaa kisha umesimama, andika zote mbili umpelekee daktari, hiyo inamsaidia kuliko maelezo.

Kichwa kugonga na uso kuwaka moto siku za mwanzo ni mishipa ya kichwani nayo imetanuka, mara nyingi inatulia yenyewe baada ya siku kadhaa. Fizi kuvimba kwa watu wa amlodipini na nifedipini pia ipo, piga mswaki vizuri na umwambie daktari wa meno unatumia nini, wengi hawamwambii.

Kuna moja tu ambayo haina kusubiri. Ukiwa kwenye "pril" na midomo, ulimi au uso ukavimba, kidonge usikiguse tena na uende hospitali saa hiyo hiyo, hata kama umekuwa ukizitumia mwaka mzima bila tatizo. Uvimbe ule unaweza kuziba njia ya hewa. Na ukishawahi kupata, aina hiyo ya dawa basi tena maisha yako yote, waambie kila unapotibiwa.

Hizi hidralazini na minoksidili nlosema ntazirudia. Hizi zinapanua kwa nguvu, na mwili hauelewi kama ni dawa, unaona presha imeshuka unashtuka, moyo unaanza kwenda mbio na figo zinaanza kuzuia maji na chumvi. Kwa hiyo mtu anapewa na wenzake wawili, cha kupunguza mapigo na cha kukojolesha. Nimemuona ami yangu kapewa vitatu, akaona vingi, akachagua hidralazini peke yake kwa sababu "hii ndo ya presha hasa", akakaa siku mbili moyo unamdunda mpaka halali. Ukipewa vitatu ni timu, huchagui golikipa ukawaacha mabeki. Hidralazini ikitumika muda mrefu kwa dozi kubwa inaweza kuleta maumivu ya viungo, homa na vipele, ukiona hivo rudi, usiseme ni baridi yabisi. Minoksidili inaotesha nywele, uso na mikono, wanawake hawaipendi kabisa kwa hilo. Na ndiyo, ni ile ile ya kupaka kichwani wanayouziwa wenye vipara, ilikubaliwa kuwa kidonge cha presha 1979 huko Marekani, na watu walikuwa washaona wagonjwa wanaota manywele. Ya kupaka siyo ya presha, na kidonge chake usijimezee mwenyewe kwa ajili ya kipara, msichanganye.

Vya kuchanganya navyo. Diklofenaki na ibuprofeni, hizi za maumivu ambazo kila duka utapewa ukisema mgongo unauma, zinapandisha presha na zinakwenda kinyume na "pril" na "sartan", na figo ndo zinazoumia katikati. Mama alichomwa sindano ya diklofenaki ya goti, hakuna alomuuliza anatumia nini, presha wiki nzima haishuki tunatafuta mchawi. Sema "mie mtu wa presha" kabla hujasema unaumwa wapi. Balungi na juisi yake linazidisha nguvu ya nifedipini na kidogo amlodipini, kwa hiyo bora liwache. Zile chumvi zinazouzwa kuwa ni za watu wa presha nyingi zina potasiamu, ukiwa kwenye losatani au "pril" potasiamu inaweza kupanda ikachezea moyo, uliza kwanza. Choya inateremsha presha kidogo, kunywa kama unaipenda bila sukari nyingi, lakini haichukui nafasi ya kidonge. Na kidonge hakikupi ruhusa ya ng'onda na achari kila siku, kijiko kimoja cha chai cha chumvi kwa siku ndo mwisho wanaosema WHO, na humo mna ya mkate na ya kila kitu.

Akina baba, zile dawa za nguvu za kiume nazo zinatanua mishipa. Ukiwa unatumia dawa za naitreti za moyo, zile za kuweka chini ya ulimi kifua kikibana, ukachanganya unaweza kufa, sikutishi. Na ukiwa kwenye prazosini, nayo ni dawa ya presha ya kutanua mishipa, unaweza kuzimia. Mwambie daktari, hatocheka, keshasikia makubwa zaidi.

Mama mja mzito au anayetaka kubeba, "pril" na "sartan" hapana, zinamharibu mtoto figo. Usiache ukakaa bure lakini, nenda ubadilishiwe, kuna methildopa, nifedipini ya polepole na labetaloli ambazo ndo zinatumika.

Ikipanda sana, 180 kwa 120 na zaidi, angalia mtu siyo namba peke yake. Kifua kinabana, pumzi hakuna, mdomo umekwenda upande, maneno hayatoki, mkono umelegea, macho hayaoni, hiyo ni hospitali haraka. Kama hana chochote katika hayo, akae kimya, apimwe tena baada ya dakika chache, kisha apigiwe daktari siku hiyo hiyo. Usimtafunishe nifedipini wala kumtobolea kidonge chini ya ulimi kama walivokuwa wakifanya zamani, presha ikiporomoka ghafla ubongo unakosa damu, unamtibu presha unampa kiharusi.

Ramadhani, nenda kliniki Shaabani usisubiri kumi la mwanzo. Anayekunywa mara moja kwa siku ni rahisi, anahamishia futari au daku. Wa mara tatu lazima abadilishiwe mpangilio, na wa dawa ya kukojolesha aulizwe vizuri maana mchana mzima hakuna maji na joto letu hili, kisunzi cha saa tisa kinamsubiri. Ukianza kuharisha au kutapika sana, Ramadhani au si Ramadhani, piga simu uulize kama uendelee na "pril", "sartan" na ya mkojo siku hizo, mwili umekauka figo zinaelemewa.

Na usafiri. Mama alikuja Unguja kwa harusi, vidonge kaviweka kwenye begi kubwa, begi likapangwa chini na mizigo ya karafuu na mikungu ya ndizi, kufika bandarini begi limepotea, limekuja kupatikana siku ya tatu. Siku hizi vinakaa kwenye pochi yake, kwenye karatasi zake vile vile siyo kumwagwa kwenye kopo, maana nifedipini haitaki mwanga na zote hazipendi unyevu, na juu ya siku za safari anaongeza za wiki moja. Ndani ya pochi kuna kikaratasi kimeandikwa majina ya dawa zake, miligramu, na saa. Mara ya mwisho alipougua ghafla akiwa Chake kwa shangazi, nesi alikitoa kikaratasi akasoma, hakumuuliza kitu.